Mohamed Amin na Ushahidi wa Kamera

Katika utengenezaji wa filamu, sifa aghalabu humwendea mchezaji na mwongozaji. Mpiga picha husahauliwa. Yafaa basi tuyatazame maisha ya Mohamed Amin, mmoja wa wapiga picha mashuhuri waliopata kutokea katika Afrika ya Mashariki.

Amin alizaliwa Nairobi mwaka 1943, akakulia Dar es Salaam. Huko Dar es Salaam, mwaka 1963, angali kijana, alianzisha kampuni yake ya picha, Camerapix, ambayo baadaye aliihamishia Nairobi. Badala ya kungoja kuajiriwa, aliuza picha zake kwa mashirika ya habari ya nchi za nje. Kamera yake ilihifadhi mambo mazito ya zama zake, kama vile Mapinduzi ya Zanzibar ya mwaka 1964 na kuuawa kwa Tom Mboya mwaka 1969.

Mwezi wa Oktoba 1984 alifika Korem, kaskazini mwa Ethiopia, pamoja na Michael Buerk, mwandishi wa BBC. Picha alizopiga za watu waliokuwa wakifa kwa njaa zilionyeshwa Uingereza tarehe 23 ya mwezi huo, kisha zikaenea duniani. Misaada ikamiminika, na Julai 1985 wanamuziki wakafanya tamasha la Live Aid katika miji ya London na Philadelphia.

Hapa hatuna budi kujiuliza swali gumu. Picha zile ziliokoa maisha. Hilo halina ubishi. Lakini picha huonyesha mwili uliodhoofu, haionyeshi vita na siasa zilizoufanya ukame uwe baa. Tena sauti iliyozieleza haikuwa ya mwenyeji. Hivyo watazamaji wengi wa mbali waliijua Ethiopia kwa njaa, wasiijue kwa historia yake. Je, kosa ni la mpiga picha? Sisi twaona sivyo. Yeye alitimiza wajibu wa shahidi. Kueleza sababu ni wajibu wetu sote tushikao kalamu na chaki.

Mwaka 1991 mlipuko wa ghala la silaha mjini Addis Ababa ulimkata mkono wa kushoto na kumwua mwenzake aliyerekodi sauti. Amin alirudi kazini kwa mkono wa bandia. Alifariki tarehe 23 Novemba 1996, ndege iliyotekwa nyara ilipoanguka baharini karibu na Ngazija.

Wahenga walinena: macho hayana pazia. Kijana atakaye kushika kamera na ajifunze kuona. Kisha ajifunze kukieleza alichokiona kwa kinywa chake mwenyewe.