Wajihi na Shahada Yake: Juu ya Maana ya Uso katika Nchi ya Mrima

Mwana hiti wa Kizaramo ni kinyago kidogo cha mti, aghalabu cha kuenea kiganjani, kisicho mikono wala miguu. Kiwiliwili chake ni kigogo cha mviringo kilicholainishwa. Matiti mawili na kitovu vimechongwa vikatokeza, na juu ya shingo pamekaa kichwa chenye mashungi mawili ya nywele yaliyosimama sambamba, yaliyotiwa mistari kwa mkono usiotetema. Mahali pa uso, walakini, fundi ameacha ubapa mtupu, au ametia alama mbili ndogo za macho na mkato wa mdomo, kisha akaweka kisu chini. Mtu akitazamaye kinyago hiki katika kabati la makumbusho huenda akadhani kwamba ustadi ulimwishia fundi alipofika usoni. Lakini dhana hiyo haisimami, kwa kuwa mkono ulioweza kuzipanga nywele zile usingeshindwa na pua. Uso umeachwa kwa makusudi, na makusudi hayo ndiyo nitakayo kuyachungua, kwa sababu naona ndani yake mna hoja ambayo ilimu ya nafsi ya zama zetu imeifikia kwa njia ndefu, na ambayo mahakama zetu hazijaisikiliza kama ipasavyo.

Mwana hiti ni wa Wazaramo na wa jirani zao Wakwere na Wadoe, ambao nchi yao ya asili ndiyo hii ya Makurunge, karibu na Bagamoyo, na bonde la Ruvu ya chini, hata kuziendea njia za Saadani. Mwali alipovunja ungo akatiwa ndani, alipewa kinyago hicho akae nacho, akipake mafuta na kukitunza kana kwamba ni mwanawe. Marja-Liisa Swantz, mtaalamu wa Kifini aliyefanya utafiti wake Bunju, katika pwani ii hii baina ya Dar es Salaam na Bagamoyo, miaka ya 1960, ameieleza ibada ya mwali kwa urefu katika kitabu chake cha mwaka 1970. Nami nikiyatafakari mambo hayo naona kwamba kuwekwa ndani kule kulikuwa, juu ya mafunzo mengine yote, adabu ya uso. Mwali hatazamwi na wapitao. Macho yake huyainamisha. Akisemeshwa hujibu kwa sauti ndogo, au hujibiwa na kungwi wake. Kisha siku ya kutolewa nje hupambwa, akabebwa mabegani, ngoma zikalia, na kadamnasi yote ikautazama uso ambao jana yake ilikuwa ni utovu wa heshima kuutazama. Pua na macho na mashavu ni yale yale aliyozaliwa nayo, bali maana yake amepewa siku ile, na waliompa ni watu. Basi fundi aliyeacha ubapa katika mwana hiti, kwa rai yangu, alijua kwamba uso haukamiliki kwa kisu, na kwamba wenye kuukamilisha ni jamaa na majirani wenye haki ya kuutazama.

Haya hayakuwa mawazo ya watu wa bara la Mrima peke yao. Mji wa Bagamoyo, ulio karibu na Makurunge, una milango ya nakshi iliyochongwa maua, majani na minyororo, na katika nakshi hizo zote hutapata sura ya binadamu. Kwani mafundi wa Kiislamu waliifuata nasaha iliyopokewa kwa Ibn Abbas, kwamba mwenye kuishi kwa kazi ya kuchora na achore miti na vitu visivyo na roho. Huko Kaole, jirani na mji huo, nguzo za makaburi zilipambwa kwa mabakuli ya Kichina, na maiti alikumbukwa kwa dua na ziara ya ahali zake, asihitaji taswira. Mapadri wa Roho Mtakatifu walipofungua misheni yao Bagamoyo mwaka 1868 walikuja na sanamu za Bibi Mariamu na za watakatifu, na hapo ndipo wenyeji wengi walipouona uso uliofanywa kwa mikono ukiwekwa mbele ya mtu ili autazame katika sala. Unguja nako, Seyyida Salme, binti wa Sultani Said, katika kumbukumbu zake zilizochapishwa mwaka 1886, ameieleza barakoa waliyoivaa mabibi wa jumba la kifalme kuufunika uso.

Lililo la ajabu kupita yote ni lipiko la Wamakonde, ambalo ngoma yake ilifika pwani pamoja na watu waliohama kutoka kusini kutafuta kazi. Lipiko ni kofia ya mti yenye uso wa mtu mzima: chanjo zimetiwa kwa nta mashavuni, nywele za kweli za binadamu zimebandikwa utosini, na mdomo uko wazi. Mchezaji hulivaa likiwa limeegemea nyuma, na tundu analotazamia ni huo mdomo. Macho ya mti, ambayo watazamaji huyakodolea kwa hofu, hayaoni kitu. Zamani wanawake na watoto wasiotiwa jandoni hawakupaswa kujua kwamba ndani yake mna mtu. Sijaona hoja ya mwanafalsafa yeyote juu ya uso iliyo madhubuti kuishinda hii: kwamba uso ulio hai mno kwa kutazamwa waweza kuwa ndio usiokuambia lolote juu ya aliye nyuma yake.

Ama maulamaa, kwa karne nyingi wamefuata njia nyingine. Waarabu walikuwa na ilimu ya firasa, ambayo Fakhr al-Din al-Razi aliitungia kitabu, nayo ilitaka kujua tabia ya mtu kwa umbo lake la nje; Johann Kaspar Lavater wa Zürich, katika majuzuu aliyoyatoa baina ya mwaka 1775 na 1778, alidai kusoma hulka katika paji la uso na pua, na katika karne iliyofuata wako waliozipima pembe za nyuso ili kuyapanga mataifa kwa daraja, upimaji ambao Waafrika tuliulipia kwa izara kubwa. Charles Darwin, katika kitabu chake cha mwaka 1872, aliiacha tabia akaushika mkondo wa hisia, akasema kwamba ishara za uso ni urithi wa wanadamu wote. Baada yake Paul Ekman, mtaalamu wa ilimu ya nafsi, mwishoni mwa miaka ya 1960 alizipeleka picha za nyuso hata kwa Wafore wa milima ya New Guinea, akawasimulia visa vifupi na kuwataka wachague uso unaolingana na kila kisa. Wakachagua kwa namna iliyomridhisha, na kwa muda mrefu ikasadikiwa kwamba hofu, ghadhabu, huzuni na furaha zina nyuso zilizo moja duniani kote.

Udhaifu wa jaribio hilo ni kwamba anayeulizwa hupewa kisa na picha chache, akaambiwa achague. Jibu limekwisha kutandikwa mbele yake. Watafiti walipowapa Wahimba wa Namibia picha ili wazipange mafungu wapendavyo, wengi wa Wahimba walieleza vitendo, kwamba hawa wanacheka, hawa wanatazama, wala hawakudai kujua yaliyo moyoni. Katika visiwa vya Trobriand uso wenye macho makubwa na kinywa kilichoachama, ambao Wazungu huuita uso wa hofu, vijana wa huko waliuona kuwa ni wa mtu anayetishia. Na hapa kwetu Tanzania, utafiti uliofanywa miongoni mwa Wahadza wa bonde la Eyasi, ukachapishwa mwaka 2020, ulionyesha kwamba watafiti walipofuatisha njia kama ile ya Ekman, Wahadza hawakuuchagua uso uliotarajiwa kwa kila hisia. Walichoweza kubainisha ni kama jambo ni la kupendeza au la kuchukiza, kama mwili umesisimka au umetulia.

Najua nitajibiwa kwamba mtoto mchanga, dakika chache baada ya kuzaliwa, hugeuza kichwa kuufuata mchoro ulio na mpangilio wa uso, na kwamba bongo zetu zina sehemu inayoamka zaidi tuonapo nyuso kuliko tuonapo vitu vingine. Yote mawili ni kweli. Lakini hayo yathibitisha kwamba tumeumbwa kuutafuta uso, wala hayathibitishi kwamba uso ukishapatikana hutoa shahada ya moyo. Wanaouza mashine za kuzitambua nyuso wameuchanganya uwezo wa kuutafuta uso na ule wa kuusoma moyo, ilhali hata mambo yaliyo wazi kuliko moyo wameyakosea: watafiti Joy Buolamwini na Timnit Gebru, walipozipima programu za kampuni kubwa mwaka 2018, walikuta katika mojawapo kwamba kukisia tu iwapo mtu ni mwanamume au mwanamke kulikosewa kwa asilimia 34.7 ya wanawake weusi, na kwa asilimia 0.3 tu ya wanaume weupe.

Linalonishughulisha zaidi, hata hivyo, ni kizimba cha shahidi. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Jinai ya mwaka 1985 yamtaka hakimu, baada ya kuuandika ushahidi, aandike pia yale anayoyaona kuwa na uzito juu ya mwenendo wa shahidi alipokuwa akihojiwa; na mahakama za rufani huheshimu maoni hayo kwa sababu hakimu yule ndiye aliyemwona shahidi kwa macho yake. Sasa mfikirie binti wa Makurunge, aliyefunzwa na kungwi na nyanya yake kwamba mbele ya mkubwa macho huinamishwa, ambaye hata shikamoo huitoa akitazama chini, akisimama mbele ya hakimu aliyelelewa mjini na wakili anayemkazia sauti. Atatazama sakafu. Atanyamaza kabla ya kujibu. Staha ile ile ambayo nyumbani ingemfanya asifiwe kuwa ni mtoto aliyelelewa, yaweza kuandikwa katika jalada kuwa ni wasiwasi wa mwongo, na tangu hapo hapana jaji wa rufani atakayekuwa na njia nyepesi ya kuyatengua maandishi hayo. Wala kosa hilo haliwapati wasichana peke yao: mzee asiyeonyesha majonzi kwa sababu amezoea kuyaficha mbele ya wageni naye huitwa mkavu wa moyo.

Mahakama ya Rufani yenyewe imekwisha kusema kwamba, mbali na mwenendo wa shahidi, ukweli wake waweza kupimwa kwa kuoana kwa maneno yake, na kwa kuyalinganisha na ushahidi wa wengine. Mizani hizo mbili zapasa kutangulizwa. Na hakimu anapoona ni lazima auandike uso, na aandike kitendo alichokiona, kwamba shahidi aliinamisha macho alipoulizwa swali fulani, pamoja na umri wake na nani alikuwa akimhoji, wala asiandike jina la hisia aliyoidhania. Ili yule atakayelisoma jalada baada ya miaka miwili, asiyemwona shahidi kamwe, apate kupima mwenyewe.