Vitabu vya China mwambaoni mwa Ziwa: kutoka pasipoti ya Jaramogi hadi mikataba ya reli

Vitabu vinavyoeleza China vilifika mwambao wa Kenya wa Ziwa Viktoria kwa njia ya siasa, na aliyeifungua njia hiyo ni Jaramogi Oginga Odinga. Mwaka 1960, Kenya ikiwa bado koloni, Odinga alisafiri hadi Peking, kama Beijing ilivyoitwa siku hizo. Aliporudi, serikali ya kikoloni ilimnyang'anya pasipoti. Safari hiyo aliisimulia katika Not Yet Uhuru, kitabu cha maisha yake kilichotolewa na Heinemann mjini London mwaka 1967, kikiwa na dibaji ya Kwame Nkrumah. Kwa msomaji wa Nyanza, hizo ni miongoni mwa kurasa za mapema zaidi kuhusu China zilizoandikwa na mtu wa kwao aliyefika huko mwenyewe.

Odinga hakwenda kama msomi wa mambo ya Asia. Alikuwa mwalimu aliyegeuka mfanyabiashara, mwanzilishi wa Luo Thrift and Trading Corporation mwaka 1947, shirika lililokusanya akiba ndogo ndogo za Wajaluo na kujenga Ramogi House mjini Kisumu. Mtu wa namna hiyo alikuwa na sababu yake ya kuitazama China: nchi ya wakulima maskini iliyoondokana na mabwana wa kigeni na kudai inajitegemea. Swali lake lilikuwa la Nyanza kuliko la Peking.

Hapo ndipo panapokuja udhaifu wa vitabu vingi vya safari vya kipindi kile. Mwaka 1960 China ilikuwa katikati ya njaa kubwa iliyosababishwa na sera za Mao Zedong za kulazimisha maendeleo ya haraka kuanzia 1958. Wageni wa serikali hawakuonyeshwa njaa hiyo. Hata Edgar Snow, Mmarekani aliyempa Mao sifa duniani kwa Red Star over China mwaka 1937, alizuru mwaka huohuo wa 1960 na baadaye akaandika kwamba hakuona njaa. Ukweli ulichukua miongo kutoka. Yang Jisheng, mwandishi wa habari wa Kichina ambaye baba yake alikufa kwa njaa hiyo, alichapisha utafiti wake Hong Kong mwaka 2008 na kukadiria vifo milioni 36. Kitabu chake, kinachojulikana kwa Kiingereza kama Tombstone, hadi leo hakiruhusiwi kuuzwa China bara. Anayesoma masimulizi ya mgeni yeyote wa serikali wa mwaka 1960 bila kusoma kitabu hiki anasoma nusu ya habari.

Sauti ya Kiafrika iliyopinga ilitoka Ghana. Emmanuel Hevi, mmoja wa wanafunzi wa Kiafrika waliopelekwa China kusoma, aliondoka akiwa amekasirika, na mwaka 1963 akatoa An African Student in China, akilalamikia ubaguzi, upweke na kuchungwa kila hatua. Nchi za Magharibi zilikifurahia kitabu hicho kwa sababu zao wenyewe, lakini hilo halifanyi malalamiko yake kuwa ya uongo.

Kenya ilianzisha uhusiano na China Desemba 1963, siku chache baada ya uhuru. Mwaka uliofuata Odinga na waziri mwenzake Joseph Murumbi walikwenda Moscow na Peking kutafuta misaada. Vitabu na magazeti ya shirika la uchapishaji wa lugha za kigeni la Peking vilianza kuingia kwa bei ndogo mno, na matangazo ya Kiswahili ya Radio Peking yalikuwa hewani tangu Septemba 1961. Kwa mtu wa Kisumu aliyekuwa na redio ila hana fedha za kununua kitabu, China ya kwanza ilikuwa ya kusikia.

Mambo yaligeuka upesi. Mei 1965 msafara wa malori ya jeshi la Uganda, uliobeba silaha za Kichina kutoka Tanzania, ulizuiwa Kisii, kusini mwa Kisumu. Julai mwaka huo mwandishi wa shirika la habari la China alifukuzwa Nairobi. Aprili 1966 Odinga alijiuzulu umakamu wa rais na kuongoza chama cha upinzani cha Kenya People's Union (KPU). Mwaka 1967 kaimu balozi wa China naye akafukuzwa. Maandishi ya Peking hayakusalimika: serikali ya Kenya iliyapiga marufuku, pamoja na kile kitabu chekundu cha dondoo za Mao. Ndiyo miaka ile ambayo, katika Nyanza hasa, kuonekana na kitabu cha China kulimweka mtu kwenye kundi la Odinga, na baada ya KPU kupigwa marufuku Oktoba 1969, kufuatia umwagaji damu wa Kisumu, ambako askari waliufyatulia umati risasi, kundi hilo halikuwa mahali pa usalama. Kitabu kilichochapishwa kwa mamilioni ili kigawiwe karibu bure kikawa kitu cha kufichwa.

Ng'ambo ya mpaka, Tanzania, hali ilikuwa tofauti kabisa. Rais Julius Nyerere alizuru China mara ya kwanza Februari 1965, na Waziri Mkuu wa China, Zhou Enlai, akafika Dar es Salaam Juni mwaka huohuo. Kutoka Zanzibar, mwanasiasa Abdulrahman Mohamed Babu alikuwa ameshajenga uhusiano na Peking kabla ya Mapinduzi ya 1964. Halafu ikaja reli ya TAZARA, kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi nchini Zambia, iliyojengwa kati ya 1970 na 1975 kwa mkopo wa China usio na riba. Reli hiyo imezaa rafu nzima ya vitabu. George Yu aliandika juu ya sera ya China Tanzania ujenzi ukiendelea, Martin Bailey akatoa Freedom Railway mwaka 1976, na kilicho bora kuliko vyote, Africa's Freedom Railway cha Jamie Monson, kilitoka mwaka 2009. Ubora wa Monson ni kwamba hakuishia kwenye mikutano ya marais. Aliwasikiliza waliofanya kazi kwenye tuta na wanakijiji wanaosafirisha mazao kwa treni ya kawaida, na hapo reli ikawa ya watu.

Kuna maandishi ya zamani zaidi, ambamo ni Wachina walioieleza Afrika Mashariki. Duan Chengshi, aliyekufa mwaka 863, aliandika habari za nchi aliyoiita Bobali, inayodhaniwa kuwa pwani ya Somalia. Fei Xin, askari katika misafara ya Zheng He, amiri wa majini wa nasaba ya Ming, alieleza Mogadishu na Barawa katika kitabu cha mwaka 1436. Twiga aliyepelekwa China kutoka Malindi mwaka 1415 ameandikwa katika kumbukumbu za Ming. Wasomaji wa nje ya China waliyapata haya kwa urahisi baada ya msomi Mholanzi J. J. L. Duyvendak kuchapisha mihadhara yake mwaka 1949, kisha kupitia The Star Raft cha Philip Snow mwaka 1988. Kitabu cha Gavin Menzies, 1421, kilichouzwa sana kwa kudai kwamba Wachina waligundua Amerika, kiwekwe kando, kwani wanahistoria wamekikataa.

Tukirudi mwambaoni mwa Ziwa, Nyamasaria, soko lililo mashariki mwa Kisumu kwenye barabara ya Ahero, imeijua China kwa vitu kabla ya kurasa: simu za Tecno, pikipiki za bei nafuu, na samaki walioganda. Samaki wa China waliingia masoko ya Kisumu kwa wingi katika miaka ya 2010, wakauzwa chini ya bei ya ngege (tilapia) wa ziwani, na mwaka 2018 wavuvi walipolalamika jambo hilo likawa la kidiplomasia. Wakati huohuo reli mpya iliyojengwa na kampuni ya China Road and Bridge ilifunguliwa kati ya Mombasa na Nairobi tarehe 31 Mei 2017, ikafika Suswa mwaka 2019 na kusimama hapo, ingawa ilipangwa ije Kisumu.

Mambo ya namna hiyo ndiyo yaliyobadilisha vitabu. Deborah Brautigam, katika The Dragon's Gift cha mwaka 2009, alionyesha kwamba misaada na mikopo ya China mara nyingi hutiwa chumvi na wanaoisifu na wanaoilaani. Howard French, mwaka 2014, aliacha takwimu akaenda kuzungumza na Wachina wenyewe waliohamia Afrika, wakulima na wauza duka. Anita Plummer aliandika kuhusu Kenya mwaka 2022, akiwatazama Wakenya wa kawaida wanavyobishana na miradi ya Kichina. Hata hivyo, maandishi yaliyotafutwa na Wakenya kuliko kitabu chochote yalikuwa mikataba ya mkopo wa reli, iliyowekwa hadharani kwa sehemu tu Novemba 2022.

Katika riwaya, Yvonne Adhiambo Owuor alitoa The Dragonfly Sea mwaka 2019, habari za msichana wa kisiwa cha Pate anayepelekwa China kwa kuaminiwa kuwa wa uzao wa mabaharia wa Zheng He. Kisa hicho kinakumbusha binti wa Pate aliyepewa ufadhili wa kusoma China mwaka 2005. Riwaya hii inaieleza China ya leo kwa jicho la msichana wa kawaida, si la mwanasiasa kama Odinga.

Karibu vyote hivi ni vya Kiingereza. Kwa Kiswahili, anayeongoza kutoa habari za China ni China yenyewe: redio tangu 1961, masafa ya FM Nairobi tangu Januari 2006, na tafsiri ya kitabu cha Xi Jinping kuhusu uongozi wa nchi yake. Taasisi ya Confucius ya Chuo Kikuu cha Nairobi, ya kwanza barani Afrika, ilifunguliwa mwaka 2005, zikafuata za Kenyatta, Egerton na Moi, na wahitimu wao waliokimudu Kichina wanaweza kumsoma Yang Jisheng bila mkalimani.