Sinai Yetu Haiko Misri

Ukiitafuta Sinai mtandaoni utaletewa jangwa. Israel ililiteka kutoka kwa Misri mwaka wa 1967 na kumaliza kulirudisha 1982. Sinai yetu iko Industrial Area, upande wa Lunga Lunga Road, imebanwa kati ya kuta za viwanda, Mto Ngong na bomba la mafuta. Majirani zake ni Paradise na Jamaica. Mtu anaweza kucheka majina haya, lakini aliyechagua Sinai hakukosea sana: hapa pia vita ni vya mpaka.

Nasema kijiji kwa sababu ndivyo tunavyoita. Serikali husema "makazi yasiyo rasmi." Sisi tuna mzee wa kijiji, na hata watu waliojipanga miaka ya 1990 kupinga ubomoaji walijiita Muungano wa Wanavijiji.

Chanzo chake ni hesabu rahisi. Wakoloni walipanga viwanda kando ya reli, wakajenga nyumba chache za wafanyakazi, kama Makongeni na Kaloleni, na mji ukazidi hizo nyumba. Kibarua hulipwa kwa siku, na siku nyingine anafika getini anaambiwa hakuna kazi. Nauli ya kutoka mbali inakula mshahara kabla haujaingia mfukoni. Basi unatafuta keja ya mabati mahali utakapotembea hadi kazini. Ardhi tupu iliyokuwa karibu ni ile ambayo hakuna mtu angejenga kitu cha maana juu yake: ukingo wa mto na ile njia iliyotengewa bomba.

Bomba la kutoka Mombasa hadi Nairobi lilianza kusukuma mafuta 1978. Kisheria, watu wasijenge juu yake. Kwa hiyo kila kodi iliyolipwa Sinai ililipwa upande usiofaa wa mstari, ingawa wenye nyumba waliikusanya kila mwisho wa mwezi bila wasiwasi.

Jumatatu ya tarehe 12 Septemba 2011, mafuta yalivuja kutoka kwa mitambo ya Kenya Pipeline, yakafuata mtaro kuelekea mtoni. Watu wakatoka na ndoo, mitungi, sufuria. Usiwahukumu haraka: petroli ya bure asubuhi ya Jumatatu ni kodi, ni karo. Moto ulipolipuka uliwakuta mtaroni, ukawafuata hadi kwenye nyumba. Waliokufa walizidi 100. Wengine waliruka mtoni wakiungua, na maji yenyewe yalikuwa na mafuta juu.

Baadaye mjadala ukahamia kwenye mpaka. Kampuni ilisema wakazi walikuwa wameshaonywa wahame. Mimi huwa nakwama hapo. Onyo linasema toka, halisemi uende wapi ukiwa bado unatakiwa getini saa kumi na mbili na nusu.

Mwaka wa 2017 kaunti ilitangaza Mukuru yote, yaani Kwa Njenga, Kwa Reuben na Viwandani, kuwa eneo maalum la mipango. Kaya zaidi ya 100,000 zilihesabiwa, na wanavijiji wakakaa vikao kusema wanataka barabara zipite wapi. Ilikuwa mara adimu sana kwa watu wa mabati kuulizwa mstari uchorwe wapi. Lakini sehemu kubwa ya ardhi hiyo ina hati za watu binafsi waliogawiwa enzi za Moi ili wajenge viwanda, na wengi hawakujenga hata ukuta.

Kisha mvua ya 2024. Mito ilifurika, watu wakafa, na mwezi wa Mei serikali ikaamuru kila aliye ndani ya mita 30 za mto ahame. Mukuru ilibomolewa mabati yakiwa bado na matope. Mita 30 kutoka Mto Ngong, ukizipima upande wa pili, zinaingia ndani ya kuta za viwanda kadhaa. Tingatinga zilikuja upande wetu.