Mfupa wa Ngamia na Kalamu ya Siri

Tunapopanga begi la bibi harusi hatusahau udi, kanga wala msahafu. Leo tuzungumzie kitu ambacho bibi zetu wengi walinyimwa: kalamu.

Sayyida Salme, binti wa Sayyid Said, Sultani wa Zanzibar, alizaliwa mwaka 1844 katika kasri ya Mtoni, Unguja. Alisomeshwa Qur'ani kama watoto wenziwe, lakini kuandika kulikuwa kwa wavulana. Mtoto wa kike akijua kusoma, basi yatosha. Salme hakuridhika. Kwa siri aliweka msahafu mbele yake, akaiga herufi moja moja juu ya mfupa wa bega la ngamia, uliotumika siku hizo badala ya ubao. Ilipojulikana, alilaumiwa sana.

Mwaka 1859 kaka yake, Sayyid Barghash, alitaka kumpindua Sayyid Majid, na Salme ndiye aliyemwandikia barua. Njama ile ilishindwa, naye baadaye akaijutia. Kalamu haikumzuia kukosea, ila ilimwezesha kuyaeleza mwenyewe. Kitabu cha maisha yake kilitoka Ujerumani mwaka 1886, na hadi leo ndicho kinachotuonyesha wanawake wa kasri walivyoishi.

Je, dini ndiyo iliyokataza? Hasha! Bibi Hafsa, mke wa Mtume (s.a.w.), alifundishwa kuandika na mwanamke mwenziwe, Shifa bint Abdullah. Na kurasa za Qur'ani zilizokusanywa zama za Sayyidna Abubakar (r.a.) zilikuja kuhifadhiwa na Bibi Hafsa huyo huyo. Sayyidna Uthman (r.a.) alipotaka kunakili misahafu, alimwomba yeye.

Kwetu iliyozuia ni hofu ya watu: msichana akijua kuandika ataandika barua za mapenzi. Skuli ya serikali ya wasichana ilifunguliwa Unguja mwaka 1927, zaidi ya miaka 60 tangu Salme aondoke kisiwani.

Basi bibi harusi mpenzi, kama unataka kuendelea na masomo, liseme kabla ya nikaha, na walii wako alisikie. Si utovu wa adabu. Na ndani ya begi, pembeni ya msahafu, tia daftari na kalamu. Mwenyezi Mungu akujaalie ndoa yenye kheri. Amin.