Mganga, Kamera na Jua: Kinachowaua Watu Wenye Ualbino katika Ukanda wa Dhahabu

Tangu Bryceson, Jønsson na Sherrington walipochapisha makala yao ya mwaka 2010, wakihusisha mauaji ya watu wenye ualbino na hirizi za wachimbaji wadogo wa dhahabu, ni nadra kusoma utafiti kuhusu Shinyanga na Geita usiomweka mbele mchimbaji na mganga wake. Mauaji yenyewe hayana ubishi. Kufikia 2015 wataalamu wa Umoja wa Mataifa walitaja zaidi ya vifo 70 nchini Tanzania tangu 2000, na mwaka 2009 mahakama iliyoketi Kahama iliwahukumu kunyongwa washtakiwa 3. Ninachopinga ni mizani. Nadharia ya hirizi inamfafanua muuaji kwa kina, lakini haigusi maisha ya anayewindwa, wala ugonjwa unaoua wengi zaidi kuliko panga.

Ugonjwa huo ni saratani ya ngozi. Luande na wenzake walionesha tangu 1985 kwamba ngozi isiyo na melanini ya kutosha huanza kuharibika utotoni, na saratani humkuta mtu akingali kijana. Mtoto wa mkulima wa pamba anayepalilia mchana kutwa Bukombe yumo hatarini kila siku, awe jirani na mgodi au la.

Ushahidi ninaoutegemea zaidi unatoka kwa mtengenezaji filamu. Harry Freeland, Mwingereza, alirekodi kwa miaka kadhaa filamu ya hali halisi In the Shadow of the Sun (2012). Humo Josephat Torner, mwanaharakati mwenye ualbino, anakwenda katika jamii zilizoguswa na mauaji na kuwauliza watu ana kwa ana wanamwonaje. Kisiwani Ukerewe, kijana mwenye hali kama yake anatafuta shule. Wahakiki wameitazama kama filamu ya ushirikina. Mimi naitazama pamoja na kilichofuata: mwaka 2013 Freeland alianzisha Standing Voice, shirika linaloendesha kliniki za ngozi na macho na kugawa losheni ya Kilisun, inayotengenezwa katika hospitali ya KCMC, Moshi. Aliyewasikiliza wahusika muda mrefu hivyo aliishia kwenye uchunguzi wa ngozi. Usikilizaji huo nauhesabu kuwa ni utafiti, ingawa haukuandikwa kitaaluma.

Wapo watakaosema kliniki haimzuii mwenye panga. Ni kweli. Lakini watoto waliokusanywa katika kituo cha Buhangija, Shinyanga, waliepushwa na panga kwa gharama ya kutenganishwa na wazazi, na jua liliwafuata humo humo. Ulinzi usio na kofia pana, losheni na daktari wa ngozi ni nusu ya ulinzi. Tena naamini mama anayefundishwa zahanati kwamba ualbino hurithiwa kwa wazazi wote wawili huidhoofisha imani ya hirizi kuliko operesheni yoyote ya kukamata waganga.

Halmashauri za Geita na Shinyanga ziingize losheni na uchunguzi wa ngozi katika bajeti zao, na watafiti na wenye kamera watakaokuja waanzie zahanati kabla ya kwenda mgodini.