Wakili Aliyewapa Wahukumiwa Nafasi ya Kusema

Fred Breinersdorfer alizaliwa Mannheim mwaka wa 1946, Ujerumani ikiwa imetoka vitani. Alikuwa wakili, kisha akatunga riwaya za upelelezi, na hatimaye akaandika miswada ya filamu. Mitatu kati ya hiyo inasimulia maisha ya watu walioangamizwa na utawala wa Hitler: Sophie Scholl (2005), Georg Elser (2015) na Anne Frank (2016).

Sophie alikuwa mwanafunzi wa miaka 21. Tarehe 18 Februari 1943 alikamatwa Munich pamoja na kaka yake Hans kwa kusambaza karatasi za kuupinga utawala. Siku nne baadaye wakakatwa vichwa. Kumbukumbu za mahojiano yake zilifungiwa katika hifadhi za Ujerumani ya Mashariki hadi nchi ilipoungana mwaka wa 1990. Juu ya karatasi hizo za polisi ndipo Breinersdorfer alipojenga mazungumzo ya filamu yake. Uwakili ulimfaa hapo, kwani karatasi ya polisi huandikwa na mwenye nguvu, na sauti ya mshitakiwa yataka kutafutwa ndani yake.

Naye hakumpamba Sophie. Mwanzoni binti huyo anakana kila kitu, anadanganya kwa utulivu, na karibu aaminiwe. Hukiri baada ya kujua kwamba kaka yake amekiri. Tangu hapo anakataa njia ya kuponyoka anayofunguliwa na mpelelezi Mohr. Vijana wapendwa, tunapoigiza maisha ya mashahidi wa imani, ni nani kati yetu angethubutu kuuacha uongo ule jukwaani?

Elser ni mgumu zaidi. Seremala huyo alitega bomu Munich, tarehe 8 Novemba 1939. Hitler aliondoka ukumbini dakika 13 kabla halijalipuka; watu 8 walikufa, mhudumu wa kike akiwa miongoni mwao. Breinersdorfer, aliyeandika pamoja na binti yake Léonie-Claire, hakuwaficha maiti hao. Mimi nimefundisha amri ya tano miaka mingi, na mbele ya kisa hiki sina jibu la haraka. Elser aliuawa Dachau mwezi Aprili 1945. Alipohojiwa, Mprotestanti huyo alieleza kwamba mwaka ule aliingia mara nyingi makanisani, hata ya Kikatoliki, kusali Baba Yetu.