Karatasi za Sauti ya TANU na Hukumu ya 1958

Katika zama za ukoloni, nchi yote ya Musoma, toka Butiama na Bunda hata Suguti pwani ya ziwa, ilikuwa chini ya Jimbo la Ziwa, na mambo yake yaliamuliwa Mwanza na Dar es Salaam. Gazeti lililosomwa sana mashambani lilikuwa Mambo Leo, lililoanzishwa na serikali mwaka 1923. Lilikuwa na mafundisho mengi, na washairi wengi walipatia jina humo. Lakini hapakuwa mahali pa kumlaumu Bwana Shauri. Mwaka 1937 Erica Fiah, mzaliwa wa Uganda, alitoa Kwetu ili Mwafrika apate pa kusemea, naye alidumu katika taabu ya fedha.

Julius Kambarage Nyerere, mwana wa Mtemi Burito wa Butiama, aliyeanza kusoma Mwisenge mjini Musoma mwaka 1934, aliacha ualimu wa Pugu mwaka 1955 kwa ajili ya TANU. Mapema mwaka 1957 serikali ilimkataza kuhutubia mikutano ya hadhara. Aliyefungwa ulimi hapana budi atumie mkono. Ndipo Sauti ya TANU ilipopata nguvu: karatasi chache zilizodurufiwa kwa mashine, nyingi zikiwa kazi ya Nyerere mwenyewe. Kwa sura halikuwa gazeti la kutisha. Hata hivyo karatasi ya namna hiyo haihesabiwi kwa nakala zake, kwa kuwa msomaji mmoja aliwasomea wengi wasiojua kusoma, nao wakaichukua habari mbele.

Toleo la 29, la Mei 1958, liliwashutumu Mabwana Shauri wawili kwa jinsi walivyokitendea chama. Serikali ikamshitaki mwandishi kwa kashfa ya jinai. Aliyeongoza utetezi alikuwa D. N. Pritt wa Uingereza, yule yule aliyemtetea Jomo Kenyatta huko Kapenguria. Kwa kesi hiyo serikali iliifanyia karatasi ile tangazo ambalo chama chenyewe kisingeweza kulilipia. Maneno yaliyokusudiwa kwa wanachama sasa yakasikika ulimwenguni.

Mwezi Agosti hukumu ikatoka: shilingi 3,000 au kifungo cha miezi sita. Hapa ndipo penye kiini cha jambo, wala wasimulizi wengi hawakai hapo vya kutosha. Kifungo kingalimpa sifa kubwa, na wengi walimtazamia aende. Lakini mwezi Januari mwaka ule ule, mkutanoni Tabora, alikuwa amewasihi wenzake wakubali uchaguzi wa kura tatu, ambao kila mpiga kura alilazimika kumchagua Mwafrika mmoja, Mwasia mmoja na Mzungu mmoja. Zuberi Mtemvu alikataa, akajitenga na kuunda chama chake. Uchaguzi ulikuwa uanze Septemba. Kama kiongozi angaliingia gerezani, nani angaliwazuia wenye hasira, na hoja ya Tabora ingalisimama kwa miguu gani? Gavana Turnbull naye, aliyeshika kazi mwezi Julai tu, hakuhitaji ghasia. Nyerere akalipa. Wagombea waliungwa mkono na TANU wakashinda, na tarehe 9 Desemba 1961 nchi ikajitawala.

Wahariri wa Mwafrika, Robert Makange na Kheri Rashidi Baghdelleh, hawakuwa na bahati hiyo: walifungwa kwa uchochezi. Habari zao husahauliwa upesi, labda kwa sababu hawakuwa marais.

Yapo na mengine yasiyopendeza kutajwa. Kashfa ya jinai, kosa lile lile alilohukumiwa Nyerere, haikuondoka pamoja na bendera ya Uingereza. Iliingizwa katika Sheria ya Magazeti ya 1976, wakati yeye mwenyewe alikuwa Rais, ikarithiwa na Sheria ya Huduma za Habari ya 2016, na haikutolewa katika makosa ya jinai ya sheria hiyo mpaka marekebisho ya 2023, miaka 65 baada ya zile shilingi 3,000.